Adabu ya Mtoto Mchanga: Mazungumzo kwa Wazazi na Walezi

Leo twapenda kuzungumza nanyi juu ya jambo linalohusu kila nyumba yenye mtoto, nalo ni hili: namna ya kumtia adabu mtoto mchanga, na mtoto mdogo ambaye hajafikia umri wa kwenda shule.

Jambo hili lilitujia kwa njia ya swali. Siku moja huko Kaagya, katika nchi ya Bukoba, baada ya mkutano wa wazazi, mama mmoja alibaki nyuma hali amembeba mwanawe mgongoni kwa mbeleko. Mtoto alikuwa na umri wa miezi kumi hivi. Mama yule akatuamkia kwa heshima, kisha akasema, "Mwalimu, nina swali, lakini naliona haya mbele ya watu. Mtoto huanza kupigwa akiwa na umri gani? Mama mkwe wangu asema huyu amekwisha kuwa mjanja, na ya kuwa nikichelewa nitamharibu. Amekwisha kunivunjia bakuli mbili."

Tukamtazama mtoto. Alikuwa akitafuna upindo wa mbeleko na kutuchekea. Tukamwambia mama, "Swali lako ni jema, mama, wala si la kuonea haya. Utupe siku chache tulifikiri, tupate kukujibu vizuri." Basi maneno ya leo ndiyo jibu tulilompa, nasi twaona yafaa lisikiwe na wengine pia, maana swali lake huulizwa katika nyumba nyingi, ijapokuwa si wengi walitamkao kwa kinywa.

Kwanza yafaa tupambanue maneno mawili ambayo watu huyachanganya. Moja ni adabu, na la pili ni adhabu. Masikioni yanakaribiana, lakini maana zake ni mbalimbali. Adabu ni mwenendo mwema unaokaa ndani ya mtu, naye huufuata hata asipotazamwa. Adhabu ni maumivu au hasara apewayo mtu kwa kosa alilolitenda huku akijua. Mtu aweza kuadhibiwa mara mia asipate adabu hata kidogo, na mwingine aweza kuwa na adabu nyingi ijapokuwa hakuchapwa. Mzazi atakaye adabu, naye akashika adhabu peke yake, ni kama mtu aliyetumwa dukani kununua chumvi akarudi na magadi. Kwa macho vyafanana, lakini atakapoonja mchuzi ndipo atakapojua.

Tena, sisi watu wa migomba twajua sana habari za mizigo. Mkungu wa ndizi ukatwapo shambani, hatumtwiki mtoto wa miaka mitatu. Twampa ndizi moja aishike mkononi, naye hututangulia njiani akijiona kuwa amebeba. Akiwa mkubwa kidogo twampa chane moja. Akiwa kijana ndipo abebapo mkungu mzima. Mtu akimtwika mkungu mtoto wa miaka mitatu, kisha akampiga kwa sababu ameuangusha, majirani wote watamshangaa. Watasema, "Mwenye kosa ni nani hapa?" Basi na akili ya mtoto ina kadiri yake kama vile kichwa na shingo yake. Amri nayo ni mzigo. Kungoja ni mzigo, kunyamaza ni mzigo, kukumbuka la jana ni mzigo. Kila umri una mzigo wake, na kazi ya mzazi ni kuujua.

Na tuanze na mtoto tangu kuzaliwa hata kufikia miezi sita hivi. Mtoto huyu hana kosa. Twasema tena: hana kosa. Hawezi kukusudia ubaya, wala hawezi kufanya hila ya kumchosha mama yake. Akilia, kilio ndicho ulimi wake. Huenda ana njaa, au amelowa, au ameona baridi, au anaumwa, au ataka tu kushikwa. Tena imejulikana ya kuwa kilio cha mtoto mchanga huongezeka katika majuma ya kwanza, kikafika kilele chake karibu na juma la sita, kisha hupungua kidogo kidogo hata mwezi wa tatu au wa nne. Mama aonaye mwanawe azidi kulia katika majuma hayo asidhani ya kuwa amekwisha kumharibu. Huo ni msimu, nao utapita kama msimu wa mvua. Lakini mtoto mwenye homa, au asiyetaka kunyonya, au ambaye kilio chake kimegeuka kuwa cha namna nyingine, huyo apelekwe zahanati upesi.

Watu wengi husema, "Usimchukue kila aliapo, utamzoeza vibaya." Jambo hili limechunguzwa, tena uchunguzi huo ulianza karibu nasi. Mwaka 1954 bibi mmoja mtaalamu, jina lake Mary Ainsworth, alifika Kampala, nchi ya jirani zetu Waganda, watu wa migomba kama sisi. Alitembelea nyumba za vijijini karibu na mji ule, akarudi tena na tena, akiwatazama mama 26 pamoja na watoto wao wachanga, na habari zao alizitoa katika kitabu mwaka 1967. Aliona ya kuwa mtoto humfanya mama yake kuwa kituo. Hutambaa akaenda mbali kidogo kutazama mambo, kisha hugeuka kumwangalia mama, au hurudi kumgusa, akaenda tena. Mtoto aliye na hakika ya mama yake ndiye athubutuye kwenda mbali. Baadaye, huko Marekani, yeye na mwenzake Silvia Bell walitazama habari za kilio, wakatoa matokeo yao mwaka 1972. Waliona ya kuwa watoto walioitikiwa upesi katika miezi ya kwanza, ndio waliolia kidogo zaidi ulipokwisha mwaka. Basi mama amwitikiaye mtoto mchanga hamharibu. Amfundisha somo la kwanza la adabu, nalo ni hili: neno lako lasikiwa, wala huna haja ya kupiga kelele.

Hapa hatuna budi kutoa onyo moja kubwa. Mtu yeyote asimtikise mtoto mchanga kwa hasira. Kichwa chake ni kizito kwa kulinganishwa na mwili, na shingo yake haijapata nguvu. Akitikiswa, ubongo hugongagonga ndani ya fuvu, na mishipa midogo ya damu hukatika. Mtoto aweza kupofuka, au kulemaa, au kufa, na huku nje haonekani na jeraha lolote. Usiku mtoto akilia nawe umechoka hata waona hasira yapanda, mlaze chali mahali pa salama, utoke nje hata penye migomba, uvute pumzi, umwite mwenzako au jirani akusaidie. Hiyo si aibu. Aibu ni ile isiyoweza kurudishwa nyuma.

Sasa tumfikirie mtoto wa miezi sita hata mwaka mmoja, kama yule aliyevunja bakuli. Mtoto huyu ameanza kuketi, kutambaa, kushika na kutupa. Akiangusha kijiko, ukakiokota ukampa, huangusha tena. Mzazi husema, "Huyu ananichezea." Sivyo. Anauliza swali kwa mkono, kwa kuwa hana maneno: Kijiko hiki kitakwenda wapi? Kitalia namna gani? Nisipokiona, bado kipo? Karibu na mwezi wa nane mtoto huanza kufahamu ya kuwa kitu kilichofichwa kingalipo. Kwake yeye hilo ni jambo kubwa sana, naye hulijaribu kutwa kucha kama mwanafunzi ajifunzaye hesabu. Tukimpiga mkono kwa sababu hiyo, twampiga kwa kujifunza.

Je, tumwache avunje bakuli zote? La. Katika umri huu, anayepaswa kutiwa adabu ni nyumba, si mtoto. Inua bakuli uziweke juu. Panga na kisu visiegemezwe ukutani. Chupa ya mafuta ya taa isiwekwe chini, na kisima cha uani kifunikwe. Mafiga yenye moto yazuiliwe, wala sufuria ya maharage yanayochemka isiachwe mahali pa kufikiwa na mkono mdogo. Kisha umpe mtoto vitu vyake: kibuyu kidogo kikavu, mwiko wa mti, kikapu cha kujaza na kumwaga. Akishika kisichofaa, mwondolee kwa utaratibu, umpe kinachofaa. Akiuma ziwa, usimpige kofi, maana hajui ya kuwa ziwa lina maumivu. Mtoe, useme "Hapana" kwa sauti tulivu, ungoje kidogo, kisha umrudishe. Baada ya siku kadhaa atafahamu.

Mtoto wa mwaka mmoja hata miwili amekwisha kujua kutembea, na hapo ndipo wazazi wengi huanza kuokota ufito. Nasi twataka mjue jambo hili: mtoto huyu aweza kulifahamu neno "Hapana" kabla hajaweza kulishika. Kufahamu ni kitu kimoja, na kujizuia ni kingine. Sehemu ya ubongo imsaidiayo mtu kujizuia ndiyo ichelewayo kuliko zote kukomaa, nayo huendelea kukua hata baada ya miaka 20. Mtoto akikatazwa kukanyaga buni iliyoanikwa juu ya jamvi, huenda akakutazama usoni, akatabasamu, akakanyaga tena. Mzazi huona dharau. Kumbe mtoto auliza: neno la jana, na leo lingali lilelile? Jibu lake ni moja tu kila siku. Nenda alipo, usimpigie kelele kutoka mbali. Mshike mkono, useme maneno machache, "Hapana, buni haikanyagwi," umwondoe, umpe kazi nyingine. Utafanya hivyo mara nyingi, pengine mara 30. Lakini hata mpandaji wa mibuni hangoji matunda mwezi uleule aliopanda miche.

Kwa mambo ya hatari, kama moto, sauti yako na iwe nzito na uso wako usicheke. Lakini ukipaza sauti kwa kila jambo, siku ya moto mtoto hataitambua sauti ya hatari.

Mtoto wa miaka miwili hata mitatu ana taabu nyingine. Ataka kufanya kila jambo mwenyewe, wala hawezi. Ataka kusema, na maneno hayamtoshi. Basi hujitupa chini, akagaragara na kulia, pengine mbele ya wageni, na wazazi huona aibu. Aibu hiyo ndiyo impigayo mtoto, si kosa lake. Yafaa tukumbuke ya kuwa mtoto aliye katika hali hiyo hasikii hoja wala tisho. Amezama katika hasira yake kama mtu aliyezama majini, na mtu wa namna hiyo hafundishwi kuogelea wakati uleule, huokolewa kwanza. Kaa karibu naye. Mzuie asijiumize wala asiwaumize wengine. Usimpe kile alichokililia, maana ukimpa atajua ya kuwa kilio ni fedha. Wala usimpige, maana ukimpiga utamfundisha ya kuwa mwenye hasira hupiga. Akitulia, mkumbatie, umwambie kwa maneno mafupi, "Ulikasirika. Kisu si cha watoto." Hayo yatosha.

Tena twaweza kuzuia mengi kabla hayajatokea. Mtoto mwenye njaa au usingizi ndiye ajitupaye chini mara nyingi. Kabla ya kumwondoa mchezoni, mwambie mapema, "Tukimaliza huu, twaenda kuoga." Mpe kuchagua katika mambo madogo: ndizi au kiazi? Nguo hii au ile? Apataye kuchagua dogo huona wepesi kutii kubwa.

Wasikilizaji wetu, twawaambia mambo haya si kwa sababu sisi hatukupata kukosa. Tulikosa, tena tulikosa hali tu walimu, tumekwisha kufundisha vijana wengi kazi ya ualimu. Mtoto wetu alipokuwa na umri wa miaka miwili na nusu, alipenda kuchezea maharage yaliyoanikwa uani. Tulimkataza, akarudia. Tukampiga mkono kwa ufito, akalia, na kesho yake akarudia. Tukaongeza mapigo. Siku ya tatu hakurudia tena mbele yetu, nasi tukajisifu moyoni, tukasema, "Ameshika."

Baada ya siku chache tuliona pua yake yatoa kamasi upande mmoja tu. Tulidhani ni mafua. Tulipotaka kumtazama, alifunika pua kwa mikono miwili akatukimbia, akajificha nyuma ya bibi yake. Siku zikapita, pua ikaanza kunuka, na usiku hakulala. Tukampeleka zahanati. Mganga akatazama kwa taa, akatoa kwa koleo punje ya harage iliyokuwa imevimba, karibu kuchipua. Mtoto alikuwa ameitia puani mwenyewe siku alipocheza peke yake mahali tusipomwona.

Mganga yule alikuwa mtu wa maneno machache. Alinawa mikono, akasema, "Mwalimu, mtoto huyu aliogopa mkono wako kuliko alivyoogopa maumivu yake." Hatukuwa na jibu. Tulimbeba mtoto njia nzima ya kurudi nyumbani, na siku ile tulifahamu ya kuwa ufito wetu haukumfundisha kuacha maharage. Ulimfundisha kujificha. Na mtoto ajifichaye mzazi wake wakati wa taabu yuko katika hatari kubwa kuliko yule achezeaye maharage.

Tuendelee na mtoto wa miaka mitatu hata mitano. Huyu ameanza kupokea sababu. Mwambie, "Mlango haufungwi kwa nguvu, kwa kuwa vidole vya mdogo wako vipo." Mfundishe kutengeneza alichoharibu: akimwaga maji, mpe kitambaa afute pamoja nawe, akimnyang'anya mwenzake kitu, akirudishe kwa mkono wake. Mpe kazi ya kiasi chake, kama kuchukua kijiko, kuokota majani, kuwaita kuku. Akifanya vema, mtaje mbele ya watu kwa wema huo. Jioni msimulie hadithi za sungura na fisi, maana mtoto huonywa na hadithi asione kuwa ameonywa. Lakini jihadhari usimtishe kwa uongo. Mzazi asemaye, "Nyamaza, ama mganga atakuchoma sindano," siku ya kumpeleka zahanati atamburuta. Na kukojoa kitandani si kosa. Watoto wengi hukojoa usiku hata wakifika miaka mitano, na wengine zaidi. Aondolewe nguo zilizolowa bila maneno ya aibu.

Sasa turudi kwa yule mama wa bakuli. Tulipokwisha kumjibu, tuliona si adabu kumpa mke maneno ya kumpinga mama mkwe wake. Basi tukaenda wenyewe kumwamkia yule mzee nyumbani kwake. Alitukaribisha kwa desturi ya Bahaya, akatupa punje za kahawa tutafune. Tulipokwisha kuulizana habari, alisema, "Mwanangu mwalimu, nimesikia. Lakini wazee walisema, Mcha mwana kulia hulia yeye. Nawe hukuyajua haya?"

Tukamjibu, "Twayajua, bibi, nayo ni kweli. Mzazi amwachaye mtoto afanye apendavyo kwa kuogopa kilio chake, atalia baadaye. Mtoto na alie akinyimwa kisu. Na alie akiondolewa motoni. Methali yasema tusiogope kilio chake. Haikusema tukitafute kwa fimbo. Wazee walewale walisema, Samaki mkunje angali mbichi. Bibi, samaki mbichi hukunjwa kwa nini, kwa kiganja au kwa nyundo?"

Mzee alicheka. Kisha akanyamaza kitambo, akasema, "Mimi nilipigwa nikiwa mdogo sana. Mapigo nayakumbuka. Makosa siyakumbuki hata moja." Hakusema ya kuwa ameshindwa, wala sisi hatukutaka ashindwe. Alisema tu, "Haya, mleteni huyo mvunja bakuli nimtazame." Na tulipokuwa tukitoka, tulimwona amempa mjukuu wake kibuyu.

Yako pia maneno ya sheria, ambayo yafaa kila mzazi ayajue. Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya mwaka 2009, katika kifungu cha 13, yakataza mtoto kuteswa au kutendewa ukatili. Tena yasema ya kuwa marudi yanayopita kiasi kwa kadiri ya umri wa mtoto, hali ya mwili wake na akili yake, hayana haki. Na mtoto ambaye kwa uchanga wake hawezi kufahamu sababu ya kurudiwa, hapana marudi yatakayohesabiwa kuwa halali juu yake. Angalieni jinsi jambo hili lilivyo sawa na habari yetu ya mkungu wa ndizi. Asiyeweza kubeba asitwikwe. Na mwaka 2021 serikali ilizindua Programu Jumuishi ya Taifa ya Malezi, Makuzi na Maendeleo ya Awali ya Mtoto, ihusuyo watoto tangu kuzaliwa hata miaka 8, kwa kuwa imejulikana ya kuwa miaka hiyo ndiyo msingi wa nyumba.

Hatusemi ya kuwa fimbo ni jambo dogo katika nchi yetu. Uchunguzi uliofanywa Tanzania nzima mwaka 2009 ulionyesha ya kuwa karibu watu watatu katika kila wanne, wake kwa waume, walipata kupigwa au kuumizwa mwilini kabla ya kutimiza miaka 18. Na mwaka 2018 hapa kwetu mjini Bukoba, mwanafunzi mmoja wa shule ya msingi alifariki baada ya kupigwa na mwalimu, na nchi nzima ilihuzunika. Sisi walimu tuliisikia habari ile kwa vichwa vilivyoinama. Mkono uzoeao kumpiga mtoto asiyeweza kufahamu, haujui mahali pa kukoma atakapokuwa mkubwa.

Neno letu la mwisho kwa wakubwa ni hili: kubalianeni nyumbani. Baba akikataza na bibi akiruhusu, mtoto hujifunza kutafuta mlango ulio wazi. Zungumzeni ninyi kwa ninyi, usiku mtoto akiisha kulala, mchague amri chache ambazo nyote mtazishika. Baba naye asingoje mtoto akue ndipo amjue. Ambebe, amwogeshe, amlishe. Baba ajulikanaye kwa mkono wa kubeba husikiwa upesi akikataza.

Nanyi wanafunzi, mnaobebeshwa wadogo zenu mama aendapo shambani, neno hili ni lenu pia. Mdogo wako akilia usimfinye wala usimtikise. Tazama kama amelowa, kama ana njaa, kama jua lampiga. Mwimbie, tembea naye kivulini. Asiponyamaza, mwite mtu mzima. Kazi hiyo mnayoifanya ni kubwa, na wazazi wenu wasiwaachie mzigo huo kwa muda mrefu kuliko nguvu zenu, maana ninyi nanyi mna kadiri yenu.

Basi, mtu akituuliza tena, "Mtoto huanza kupigwa lini?" tutamjibu ya kuwa ameanzia swali mahali pasipofaa. Na aulize, "Mtoto wangu leo aweza kubeba nini?" Mchanga abebwe mwenyewe. Atambaaye apangiwe nyumba. Atembeaye ashikwe mkono. Ajitupaye chini angojewe. Ajuaye kusema aelezwe. Hivyo ndivyo adabu iingiavyo, kidogo kidogo, hata siku moja umwone mwanao amemwondoa mdogo wake penye moto kwa mkono wa upole, naye akisema maneno yaleyale uliyomwambia yeye.